Mwalimu Rek Amekufa au Anawaza?

Mgeni rasmi, Mtukufu Ezdu, Liwali wa Milima ya Ukungu. Waheshimiwa mlioandamana naye. Wazee wetu, mama zetu, na wewe joka unayetupashia maji ya hamamu, uliyekubali kuacha moto uje kusikiliza: sisi wakazi wa Sharuvel tunakusalimuni kwa heshima na taadhima.

MAKARIBISHO

Mgeni rasmi, karibu sana. Mji huu ni wako, na kiti ulichokalia ndicho kizuri kuliko vyote tulivyo navyo.

"Napinga," ilisema sauti kutoka benchi la mbele. "Kina mguu mbovu."

Huvesta, fundi mwashi aliyechaguliwa kusoma kwa niaba ya wakazi, hakutikisika. Alijua hilo litakuja. Alimsubiri Liwali ajishike vizuri, kisha akaendelea.

HISTORIA

Mgeni rasmi, aliyesema hivyo ni Bwana Tobrek, Mpingaji wa mji. Usimwone hana adabu, yuko kazini. Cheo chake kiliasisiwa na mwanafalsafa wetu mkuu, Mwalimu Ombasti Rek, aliyetufundisha kwamba jambo lisilopingwa bado halijafikiriwa. Kabla yake tulikuwa watu wa ndiyo, ndiyo. Tuliwahi kukubaliana kwa kauli moja kwamba mbuzi wetu wafundishwe kuruka, na matokeo yake unayaona juu ya mapaa. Basi Mwalimu akaagiza kila mkutano uwe na mtu mmoja wa kupinga kila kitu, na lolote lisipite mpaka mtu huyo aishiwe maneno.

MAFANIKIO

Tangu hapo hatujafanya upumbavu wowote. Ni kweli hatujafanya kitu kingine chochote pia, lakini upumbavu, mgeni rasmi, tumeukomesha.

Tobrek alilipinga hilo akiwa amekaa, akakumbusha shauri la kumlisha joka pilipili. Joka akainamisha kichwa kwa aibu. Watu walicheka, isipokuwa Bi Nalvene, mke wa Mwalimu, aliyekuwa amepakata bakuli la supu inayopoa.

CHANGAMOTO

Mgeni rasmi, hapa ndipo panapotuuma. Kama ujuavyo, sisi watu wa milimani tukifa hugeuka mawe. Sasa Mwalimu Rek alikuwa na tabia ya kuwaza. Akianza kuwaza hukaa kimya msimu mzima, ndege wakamtagia kichwani, kisha siku moja huamka na kuulizia chakula. Safari hii amekaa pale pembeni ya uwanja tangu mwaka wa ukungu mkubwa, mgumu, baridi, masikio yameota kuvu. Sisi tunasema amekwenda zake. Mpingaji anasema anawaza. Kila mkutano tunaleta hoja, na kila mkutano anaivunja. Tulimgonga Mwalimu kwa nyundo, nyundo ikavunjika. Tobrek akasema mtu mwenye mawazo mazito hasikii nyundo.

Anayeumia ni Bi Nalvene. Mume hana, na ujane hana. Kila jioni, kwa sheria ya ndoa, humpelekea mumewe supu, nayo huliwa na mbuzi anayeshuka kutoka paani. Mgeni rasmi, yupo mtu anayempenda Bi Nalvene, naye anampenda, na mji mzima unajua ni nani. Heshima haituruhusu kumtaja.

Uwanja mzima ukageuka kumtazama Tobrek. Tobrek akainama kufunga kamba za viatu, ingawa alikuwa amevaa makubadhi.

Huvesta alimwonea huruma. Alikuwa amemwona mara nyingi akimpasulia kuni Bi Nalvene baada ya mkutano, huku anajifuta macho. Aliwahi kumuuliza kwa nini asinyamaze siku moja tu, mambo yakaisha. Tobrek akamjibu kwamba kazi ile alikabidhiwa na Mwalimu kwa mkono wake. Akinyamaza kwa ajili ya moyo wake mwenyewe, atakuwa amemwibia Mwalimu mke. Siku hiyo ndipo Huvesta alipoamua kuandika risala.

MAOMBI

Mgeni rasmi, tunayo maombi mawili. La kwanza, tunakusihi, kwa mamlaka yako, utamke hapa leo kwamba Mwalimu Rek hawazi tena.

"Napinga," alisema Tobrek. "Liwali ana mamlaka juu ya ardhi na kodi. Juu ya mawazo ya mtu hana."

Liwali alikuna kidevu, akakiri kuwa hilo ni kweli. Watu wakaguna. Huvesta aliitazama karatasi yake na kuona kazi yote imekwenda na maji.

Ndipo Bi Nalvene akasimama na bakuli lake. Akamwomba mgeni radhi, akamgeukia Mpingaji.

"Haya, shemeji, na mimi nina hoja. Mbele ya mgeni na mji wote nasema hivi: Tobrek hatanioa. Si leo, si kesho, si milele."

Tobrek alitokwa jasho. Hoja imeshatolewa mkutanoni, na Mpingaji ni mmoja tu.

"Napinga," alisema, kwa sauti ndogo.

"Unapinga nini hasa?" Liwali aliuliza.

"Kwamba sitamwoa. Nitamwoa."

"Utaoa mke wa mtu aliye hai?"

Tobrek alifungua kinywa. Alimtazama mzee yule wa jiwe, aliyemwokota akiwa kijana mbishi asiyetakiwa na mtu, akamwambia ubishi wake una kazi. Alitafuta neno, akalitafuta tena, asilipate.

"Mwalimu wangu amekufa," alisema, akalia waziwazi. Bi Nalvene akaweka bakuli chini, akaenda kumshika mkono, naye akalia. Kisha mji mzima, ambao miaka yote hiyo haukuwa na ruhusa ya kumlilia Rek, ukaangua kilio. Hata joka alilia, na mvuke ukatanda uwanjani.

Huvesta alisubiri mpaka alipoweza kuona maandishi. Ombi la pili, la daraja, aliliacha. Akasoma mwisho, akiongeza ya kwake.

Mgeni rasmi, miezi yote miwili ikumulikie njia, na ukungu ukupishe mpaka kwako. Ila usiondoke leo. Kesho tunazika, na eda ikiisha tutakuita harusini.

Ni sisi, wafiwa,
Wakazi wa Sharuvel.