Shamba Lililorudi

Kaeni kitako, Mansour, na wewe Zahra, na simu hiyo izimwe, maana pumzi niliyobakiwa nayo haitoshi kusema jambo mara mbili. Nijibuni kwa Kiingereza mkitaka, lakini nisikilizeni kwa Kiswahili.

Barua ya wakala nimeiona. Bei ya shamba alilonirithisha baba yenu kule Estonia mmekwisha kubaliana, mnangoja tu nizikwe. Vyema. Mimi nilitolewa Wete mwaka sitini na nne, nyumba ya baba yangu wakaingia wengine, na haijarudi hadi leo. Baba yenu Endel alikimbia kwao na mamake akiwa na miaka kumi, Warusi wakiingia. Tukakutana hapa London, watu wawili tusio na kwetu, akasilimu, tukaoana, na ami yangu akakataa kula biriani ya harusi. Nimemsamehe, ingawa si sana.

Huambiwa maji yakimwagika hayazoleki. Mimi nimeyaona yakizoleka. Nchi ile ndogo ilipojitoa mikononi mwa Wasovieti iliwarudishia watu mashamba yao, na mwaka tisini na nne tulikwenda sote, nyinyi mkabaki garini mkilalamikia baridi. Mliona matrekta mabovu na paa lililoanguka. Mimi niliona majirani wakija na misumeno na viazi bila kuitwa, msaragambo kama wa Pemba, wakaezeka siku tatu, kisha mwalimu Leida akaomba jiko letu liwe darasa, kwani skuli yao haikuwa na moto. Watoto kumi na mmoja wakajifunza hapo historia yao iliyokuwa ikifichwa. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, wanangu. Na huyo mnunuzi wenu anataka magogo, skuli iliyomo mle hadi leo ataibomoa.

Baba yenu mlimzika hapa Edmonton, mkasema kule mbali, nami nikakubali. Ndiyo maana leo mnathubutu, kwani Mpemba gani huuza ardhi yenye kaburi la mzazi wake?

Basi theluthi ya mali yangu ninayoruhusiwa kuusia ni nyumba ile ya shambani, naiachia skuli. Cherehani ni ya Zahra. Mashuka mapya mpeni Geeta wa jirani, aliyeniletea supu mlipokuwa na shughuli zenu. Lakini karatasi huchanika, na mimi nawajua niliowazaa. Tiketi ninayo, naondoka kesho asubuhi. Daktari kakataa, nami nimemkatalia. Nikifa, kijiji kimekwisha nikubalia: nizikeni mbele ya mlango wa jiko, mnielekeze kibla, watoto wanipite wakienda kusoma. Anayetaka kununua na anikute mlangoni.

Radhi zangu mnazo, hata wewe Mansour. Mungu awape... ngojeni, nipumue. Mungu awape pa kurudi.

Zahra, nivishe viatu vile vya theluji. Si kesho, sasa hivi. Nitalala navyo.