Dakika Saba za Volkmar Tiedge

Ndugu waombolezaji, mimi ni Heidrun, dada wa marehemu, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha yake, nami nitayasoma kama yalivyokuwa, atakayekereka avumilie.

Marehemu Volkmar Tiedge alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 mjini Herne, mtoto wa pili wa mchimba makaa ya mawe, alisoma hapo hapo hadi mwaka 1966, kisha akajifunza kuoka mikate na kuifanya kazi hiyo miaka minane, mpaka Septemba 1974 alipohamia Berlin na kukutana, kwa bahati mbaya, na mwongozaji Ansgar Brüll, ambaye amekaa pale safu ya tatu na miwani yake myeusi.

Kwa Brüll alicheza filamu thelathini na moja, zile zisizo na hadithi, ambazo watu ishirini huzitazama ghalani wakiwa wamekunja nyuso, alisimama uchi mtoni mwezi Februari, akala maini mabichi mpaka akatapika, na matapishi nayo yakaonyeshwa, wenyewe wakaita sanaa, mimi nilikuwa naona kinyaa na mpaka leo naona. Katika filamu hizo alikufa mara kumi na tisa, na kufa alikujua.

Tarehe 2 Juni 1979 alimwoa Roswitha, aliyetutangulia mwaka 2011, wakajaliwa binti mmoja, Wiebke.

Tarehe 6 mwezi huu, wakipiga picha katika karakana tupu huko Wedding, mtaa wa Berlin, alipatwa na shambulio la moyo, akaanguka. Sasa Brüll ana kanuni yake, kwamba kamera ikishawashwa haizimwi mpaka kanda iishe, dakika kumi na moja, na mtu haruhusiwi kuingia kwenye picha, basi watu wazima tisa wakasimama wanamtazama kaka yangu akitweta sakafuni, wakidhani anaigiza, mmoja akitikisa kichwa kwa kusifu. Dakika ya saba Bi Jadranka, mrekodi sauti, alitupa vyombo vyake akamkimbilia, na Brüll akamfokea, "We mama, umeniharibia picha." Volkmar alifariki hospitalini tarehe 8, na daktari hakutuficha kwamba dakika zile saba ndizo zilizomponza.

Juzi Brüll alikuja nyumbani na maua, anaomba ruhusa ya kuionyesha kanda hiyo, eti, "Dada Heidrun, hajawahi kucheza vizuri vile." Wiebke akamwambia ailete kwanza, akaileta. Haijasafishwa, wala nakala nyingine haipo, imo jenezani chini ya mikono ya baba yake, na kifuniko kimeshakazwa. Ansgar, ndiyo kwanza unasikia, kaa chini.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani wa ghorofa ya pili waliotupikia supu ya dengu siku zote hizi, na kati ya wafanyakazi wenzake tunamshukuru Bi Jadranka, basi.

Nawaomba sasa msisimame huko pembeni mkitazama, sogeeni, mliguse jeneza. Lala salama, Volkmar, leo tumekuja karibu.