Kitabu Nilichokishonea Ndani ya Ngozi

Bwana apewe sifa, ndugu zangu! Na apewe tena, maana mara ya kwanza mmeitikia kama watu ambao hawajanywa uji!

Nawasalimu ninyi wa Genkuru, majirani zangu, na ninyi wageni mliotoka Nyambureti kwa miguu. Wazee, shikamooni. Mimi ni Nyamhanga, fundi wa mbao, mume wa Robi yule pale anayenikazia macho nisitie chumvi. Leo nasimama kusema jinsi Bwana alivyonitoa katika uongo nilioushona kwa mkono wangu, na jinsi alivyomzuia mwanangu Chacha asiende kufa. Na alitumia kitabu cha dini ya watu wengine, tena kwa Kiingereza, lugha ambayo sikuijua. Msishtuke. Nisikilizeni kwanza, halafu mshtuke baadaye.

Mnajua kwamba nilikwenda vitani, huko Burma, kupigana na Wajapani. Siku moja kikosi chetu kilipumzika karibu na nyumba ya watawa wa dini ya Buddha. Ni watu walionyoa vichwa, wanavaa nguo za manjano, na mikononi hawana hata kisu. Mmoja wao alikuwa mzee sana, akawa anahangaika na ndoo kisimani. Nikamchotea maji. Nilimchotea siku zote tulizokaa pale. Tulipokuwa tunaondoka akanipa kitabu kidogo, kinaenea kwenye kiganja. Ukurasa mmoja una maandishi ya kwao ya mviringo, na ukurasa unaoukabili una Kiingereza. Alisema maneno mengi kwa upole, na mimi nikamwambia, asante babu. Hakuna aliyemwelewa mwenzake.

Nikakitia kwenye mfuko wa shati. Wiki ile ile bomu likaangukia handaki letu. Wenzangu wawili niliokula nao asubuhi hawakuinuka tena. Mimi nilitoka na masikio yanayolia tu. Nikapapasa mfuko, kitabu kipo. Nikasema, kumbe hii ndiyo dawa!

Nilirudi nyumbani na habari hiyo. Nikakishonea kile kitabu ndani ya ngozi ya mbuzi, pande zote nne, nikatia na kamba ya kuvaa shingoni. Ndugu zangu, nilikifanya hirizi! Watu wakaja kukigusa. Mwenye ng'ombe mgonjwa alikuja, mwenye kesi kwa bwana shauri alikuja. Halafu wakaja vijana wanaokwenda kuchukua ng'ombe wa watu. Nikawapa wavae kwa zamu. Wakirudi na ng'ombe, walisema ni kitabu cha Nyamhanga. Wakirudi mikono mitupu, walisema kuna mwenzao aliyevunja mwiko. Kitabu hakikukosea hata siku moja! Kwenye chungu cha pombe mrija wangu ulikuwa kati ya mirija ya wazee, na nilipokohoa watu walinyamaza. Nilipenda jambo hilo. Nasema wazi mbele za Mungu, nililipenda sana.

Robi alikuwa ameshaokoka wakati huo. Kila Jumapili alipita mbele yangu kwenda kanisani, na mimi nilimwambia, nenda kaombee na mimi, lakini dawa ninayo.

Basi siku moja kijana Marwa akarudi na mshale gotini, na kitabu kimening'inia shingoni mwake. Tangu siku ile anachechemea. Wazee wakanigeukia. Mmoja akaniuliza, "Maneno yaliyomo ndani yanasemaje? Labda huyu kijana alitakiwa kuyatamka." Miaka yote ile sikuwahi kujiuliza! Nikaahidi kwamba nitayapata maneno hayo, ili dawa iwe na nguvu zaidi.

Sikilizeni vizuri hapo. Sikwenda kutafuta ukweli. Nilikwenda kutafuta maneno ya kuwasaidia vijana wetu kuiba ng'ombe salama.

Wakati huo nilikuwa natengeneza madawati katika shule moja pale Nkende, na wiki nzima nilikuwa nalala huko. Pale palikuwa na mwalimu mmoja Mjaluo, Mwalimu Okelo, mtu mpole mwenye kamusi nene ya Kiingereza na Kiswahili. Nikampelekea ngozi yangu. Alipoambiwa kwamba ndani yake kuna kitabu, alicheka mpaka akavua miwani. "Mzee Nyamhanga," akasema, "umekifunga kitabu kama ndama anayefungwa mdomo asinyonye!" Nikatoa kisu changu cha kazi, nikakata nyuzi. Kurasa zilikuwa zimeshikana kwa jasho la shingo za watu.

Kila siku madarasa yakiisha tulikaa kwenye dawati nililolitengeneza mwenyewe. Yeye anasoma, mimi natafuta neno kwenye kamusi kwa kidole. Kiingereza changu kilikuwa cha jeshini: simama, kimbia, leta maji, wewe mjinga. Ukurasa mmoja tulikuwa tunaumaliza kwa siku nne.

Mwanzoni kitabu kilisema kwamba maisha yana mateso. Nikasema, hilo tu? Hilo hata marehemu mama yangu alilijua, na hakupita shule. Tukaendelea. Tukafika kwenye neno moja, kreving. Kamusi ikasema ni hamu kubwa inayomshika mtu. Nikafurahi sana! Nikajua tumefika kwenye dawa yenyewe, kwa sababu kijana anayekwenda porini kuchukua ng'ombe anahitaji nini kama si hamu kubwa? Nikalikariri siku nzima huku napiga randa. Kreving, kreving!

Kesho yake tukasoma ukurasa uliofuata. Ulisema kwamba hamu hiyo ndiyo inayozaa mateso, na mtu aing'oe na mizizi yake. Nikakasirika. Nikamwambia Mwalimu kwamba huyu Mzungu aliyekitia kitabu kwenye Kiingereza amekosea kutafsiri.

"Inawezekana," akasema. "Yeye naye aliyatoa maneno haya kwenye lugha yao ya zamani, Kipali. Wewe unayatoa kwake unayaleta kwenye Kiswahili, halafu nyumbani utayasema kwa Kikurya. Ni maziwa yanayohamishwa kibuyu kwa kibuyu. Kila kibuyu kinatia harufu ya moshi wake. Lakini hayageuki kuwa pombe, Mzee wangu."

Nikarudi nyuma, nikatafuta kila neno upya, nikitaka kumkamata yule Mzungu katika kosa. Sikumkamata. Yapo maneno ambayo hata yeye yalimshinda, akayaacha kwa lugha ya wenyewe. Lipo moja, nibbana. Kamusi haina. Tukalitafuta kwenye maelezo ya mwisho wa kitabu, tukakuta linatokana na kuzimika kwa moto. Nikaogopa! Kwetu nyumba ambayo moto wake umezimika ni nyumba iliyokufa. Lakini maelezo yakaendelea kwamba moto unaosemwa ni wa tamaa, na chuki, na kutojua. Sidanganyi hapa, neno lile sijalielewa lote hadi leo, na Mwalimu Okelo alisema hata yeye hajalielewa. Lakini mtu akipiga kelele kwamba nyumba yako inawaka, hungojei uelewe kila neno ndipo usimame.

Halafu tukafika kwenye mambo matano ambayo mfuasi wa dini ile anajiwekea. Mwalimu akayasoma polepole, na mimi nikayatafuta moja moja. Asiue. Asichukue kitu ambacho hakupewa. Asizini. Asiseme uongo. Asinywe kileo. Nikaweka kidole kwenye kamusi na nikashindwa kukiondoa. Vijana waliokwenda kuchukua ng'ombe wa watu walikuwa wamevaa maneno haya kifuani! Na mimi niliyewavalisha, nilikuwa mwongo na mlevi. Yule mzee wa Burma alinipa alichokuwa nacho chote, na mimi nikakifanya silaha. Nililia pale shuleni, mtu mzima, askari.

Jumamosi nikaenda nyumbani nikamweleza Robi. Alikuwa anachambua ulezi. Akasikiliza mpaka mwisho, akasema, "Baba Chacha, hayo si ndiyo tunayoambiwa kanisani kila Jumapili? Ilibidi uende Burma?" Kisha akacheka, na mimi nikacheka kwa aibu. Alisema kweli. Kwa Kikurya nilikuwa nayasikia tangu nimuoe, yakipita masikioni kama habari za jirani. Lakini kwa Kiingereza kila neno nililitafuta mwenyewe kwa kidole, na neno ulilolitafuta mwenyewe huwezi kujifanya hukulisikia. Siku ile niliinama na Robi kwenye ulezi wake, nikampokea Bwana Yesu. Haleluya!

Mnadhani ushuhuda umeisha? Bado! Nilimpokea Bwana, lakini nilinyamaza. Nilikirudisha kitabu kwenye ngozi, nikakishona upya, nikakitundika mahali pake. Wazee walipouliza maneno, niliwaambia bado natafuta. Niliona aibu kuwaambia kwamba nimewadanganya miaka kumi na zaidi. Niliupenda ule mrija wangu, ndugu zangu, ingawa nilikuwa nimeshaacha kuvuta pombe kwa mrija huo. Nilikuwa nakaa pale nikiheshimiwa tu. Mavuno yakaja, yakapita, na mimi nimenyamaza.

Ndipo asubuhi moja mwanangu Chacha akaingia na wenzake wanane, mikuki mikononi. Ng'ombe wangu walikuwa wamekufa kwa ugonjwa, naye alikuwa na mchumba na hana ng'ombe wa mahari. Akanyoosha mkono. "Tata, leo nivae mimi. Tunakwenda Nyambureti."

Robi alisimama mlangoni. Aliniangalia tu. Ndugu zangu, mwanangu hakuwa anaamini mkuki wake. Alikuwa anaamini uongo wangu. Kama angekufa, ningekuwa nimemuua mimi. Na kama angemuua mtoto wa mwenzangu, ningekuwa nimeua mimi vilevile.

Nikaitungua ile ngozi. Nikatoa kisu changu cha kazi. Nikakata nyuzi mbele yao wote. Wakapiga kelele, mmoja akasema, "Mzee ameingiwa na wazimu, anaua dawa!" Nikafungua ule ukurasa, nikausoma kwa Kiingereza kwa sauti, halafu kwa Kikurya, jambo moja moja mpaka la tano. Nikawaambia, hayo ndiyo maneno mliyokuwa mnavaa. Hakuna dawa humu. Haikuwahi kuwapo. Mimi nilidanganya.

Mmoja akatema mate karibu na mguu wangu. Wengine wakaanza kuondoka mmoja mmoja, maana nani ataingia porini bila kinga? Chacha alibaki wa mwisho. Macho yake yalikuwa mekundu. Akasema, "Umenivua nguo mbele ya wenzangu." Akachomeka mkuki wake uani, akaondoka.

Alikaa kwa mjomba wake bila kunisalimia. Kwenye pombe za wazee jina langu likawa kichekesho, na mrija wangu akapewa mwingine. Nililia usiku na mchana, nikamwambia Bwana, nimesema kweli, sasa mbona nimempoteza mtoto?

Kisha nikaenda mnadani kununua dume la kulimia. Pale nikakutana na mzee wa Nyambureti, Mzee Wambura. Yule pale, amekaa karibu na dirisha. Tukaongea habari za mifugo, na alipojua natoka Genkuru akacheka. Akasema, "Ninyi mlitusumbua! Baada ya mavuno tulisikia vijana wenu wanakuja. Tulikaa vichakani siku tatu na mishale yenye sumu, kijiji kizima. Hawakuja. Tuliumwa na mbu bure."

Ndugu zangu! Nilikaa chini pale pale kwenye mavi ya ng'ombe. Mzee Wambura akadhani naumwa. Nikamwambia, hapana, mzee wangu, ninashukuru. Nikamweleza yote, kitabu, ngozi, na mwanangu. Akasema kwamba wa kwanza kuvizia kwenye njia ile alikuwa amepangwa mwanawe. Tukashikana mikono sisi wawili, tukalia kama wanawake msibani, na watu wa mnada wakatuzunguka kuangalia.

Nilikwenda moja kwa moja kwa shemeji yangu. Nikamweleza Chacha alichosema Mzee Wambura. Alikaa, akachora chini kwa kijiti. Mwisho akasema, "Tata, nisomee tena ule ukurasa."

Nikamsomea!

Wazee wa kanisa waliniuliza kwa nini sikichomi kitabu pamoja na hirizi nyingine, kama walivyofanya wote waliookoka. Wana haki ya kuuliza. Nikawaambia, ngozi nimeichoma, na nyuzi zake, na kamba yake. Kitabu hakikufanya kosa lolote. Mimi ndiye niliyekifunga mdomo. Mwokozi wangu ni Yesu peke yake, lakini yule babu wa kisimani namshukuru, na Mzungu asiyejulikana aliyekaa akatafuta neno kwa neno ili mtu kama mimi asome, namshukuru. Mwalimu Okelo namshukuru. Robi, wewe nakushukuru kuliko wote, nenda kacheke nyumbani.

Chacha, simama wakuone. Mnamwona? Yu hai! Na yule kijana aliyekaa karibu na Mzee Wambura ndiye mwanawe aliyepangwa wa kwanza njiani. Simama na wewe, mwanangu. Mngekuwa mmekwisha kuuana ninyi wawili, na leo mmekuja kwa njia moja, mmekaa kanisa moja.

Basi, ndugu yangu, dada yangu, labda na wewe unacho kitu ulichokishona, na watu wanakuheshimu kwa sababu yake, na unajua moyoni kilicho ndani. Usingoje mwanao aje kukivaa. Mwamini Bwana, njoo hapa mbele, usione aibu. Kisu cha kukatia nyuzi ninacho, ni hiki hapa.