Mchanga Mkavu kwenye Ukuta wa Mdachi

Wakubwa zangu, shikamooni. Sitasimama sana, nimechoka. Na jicho hili la kushoto msilihurumie, limekwisha zamani.

Wengine hapa husimulia bila kutaja mtu. Mimi namtaja: Akida Nangomwa, msimamizi wetu aliyewekwa na Wajerumani.

Vita vya Majimaji vilipopoa, mume wangu alikuwa kwenye mnyororo, bomani Newala. Nyumba ya mawe ya Mdachi hapa kwetu ilikuwa imeunguzwa vitani, kuta zote masizi. Akida akatukusanya wanawake sita tuzisugue. Akaniambia, "Bwana mkubwa anafika siku ya nne. Akikuta ukuta mweupe, mumeo anatoka. Akikuta mweusi, anapelekwa pwani." Na waliopelekwa pwani mnajua wenyewe, ndugu zangu, nani amerudi?

Maji tulipanda nayo kutoka bondeni, kichwani. Sisi wa huku juu tunasugua vyungu kwa mchanga mkavu, maji hatuchezei. Nikashika gunzi la muhindi na mchanga wangu, nikauparuza ukuta. Abiti Mtalika, mgeni kutoka Masasi, yeye aliulowesha mchanga kwanza. Nikamcheka.

"Abiti, umezaliwa mtoni? Unaunywesha ukuta?"

"Ukuta haukohoi, mwenzangu. Utakohoa wewe."

Sikusikia. Nilimpita mbali, nikajiona hodari. Vumbi likanijaa. Siku ya pili macho yamevimba, ya tatu siuoni hata ukuta wenyewe. Nikaomba maji ya kunawa. Akida akasema maji ni ya kazi, na kama nimechoka, basi mume wangu naye amechoka kukaa Newala.

Nikakaa chini. Niliona nimemuua mume wangu kwa haraka yangu.

Abiti Mtalika akanilaza mapajani, akafungua kibuyu chake cha kunywa, akanimiminia machoni mpaka tone la mwisho. Kisha yeye na wenzake wakausugua upande wangu, kwa mchanga wa maji, mpaka jua likazama.

Mume wangu alitoka. Nilimjua kwa kumpapasa uso. Jicho la kulia lilirudi baada ya mwezi.

Mwalimu wa kanisa ananiambia nimsamehe Akida. Bado. Nisiwadanganye.

Ninalowafunza ni dogo: loweshani mchanga kwanza, na anayewaambia polepole msimcheke.

Wanawake wanne wale, asanteni. Na wewe Abiti Mtalika uliyejificha huko nyuma, asante. Ulishinda na kiu kutwa nzima kwa ajili yangu, wala hukunisema. Mimi ningekusema.