Kila Mtu na Kazi Yake Mkutanoni

Benchi la kijiji cha Rukanga liko nje ya mashine ya kusaga unga, na kahawa ya Rita humiminwa kabla mashine haijaanza kunguruma. Asubuhi hiyo hata utani ulikuwa mzito. Usiku ndovu walikuwa wameingia shamba la jirani yao Lois wakalimaliza lote, mahindi na pojo. Sylus, aliyeitwa Bubu kwa uchache wa maneno, alikaa ukingoni na daftari la kamati ya waya wa stima, ule wa kuzuia ndovu, mapajani. Siku ya Jumanne, akienda mkutano wa kamati, aliuona waya umekatika pale kwa Lois. Alingoja aulizwe. Hakuulizwa, na sekretari wa Rukanga huandika ya wenzake tu. Tangu alfajiri moyo ulikuwa ukimsuta.

— Mimi nilipanga vizuri, alianza Profesa, mwalimu mstaafu. Kila mtu kazi ya tabia yake. Mwenye mdomo awe chair, yaani mimi. Mwenye haraka ashike saa. Mnyamavu aandike.

— Na saa nikashika! akasema Wabwire, jina la kijiweni Breki. Dakika arobaini, mkutano kwisha. Haraka haraka haina baraka!

— Hiyo inakusema wewe, Breki.

— Methali ni methali, bwana. Shida tulikosa mkorofi. Kila mkutano uwe na mkorofi mmoja, apigiwe kura.

— Mkorofi wa nini? Tulihitaji mwoga. Mwoga ndiye huona hatari kwanza.

— Profesa, ndovu wenyewe wako na kamati. Nyanya yao ndiye chair. Wa nyuma anahesabu watoto. Halafu kuna mmoja, kazi yake ni kujaribu waya tu.

— Na sekretari wao?

— Hawana. Ndiyo maana wanatushinda.

Wakacheka kidogo. Sylus hakucheka.

Rita alikuwa akikamua tone la mwisho la birika Lois alipofika, leso imelowa umande hadi magotini, mkononi gunzi moja lililotafunwa nusu.

— Hamjambo, wazee. Sikuja kugombana. Nauliza tu. Jumanne mlipokwenda kukaa kikao, hakuna hata mmoja wenu aliyepita kwangu?

Profesa alimtazama Breki. Breki akatazama saa. Wote wawili walikuwa wamepita njia ya juu.

— Bubu, hebu angalia kwa daftari, akasema Profesa. Iko habari ya huko?

Sylus alifungua daftari ukurasa wa Jumanne.

— Haikuandikwa, akasema.

Lois aliendelea kusimama, akingoja. Na kwa kuwa mkono wa Sylus haukujua kazi nyingine, alitoa kalamu, akaliandika lile swali la Lois.