Flopi za Bi Yudith

Baada ya miaka thelathini na minne ya kazi katika studio yetu hapa Lushoto, Bi Yudith Shemhina anastaafu leo, tarehe 30 Juni 2025. Mimi Nassoro, fundi mitambo mwenzake, nimeombwa niandike kwa uchangamfu. Nitajaribu, ila nina hasira na sitaificha.

Aliajiriwa mwaka 1991, mwaka kilipoletwa kinanda kinachopiga sauti zilizorekodiwa na kuhifadhiwa kwenye flopi, zile diski bapa za sumaku za kompyuta za zamani. Sauti zilizokuja nacho zilikuwa fidla na piano za Ulaya. Bi Yudith hakuridhika. Alibeba mikrofoni hadi Mlalo, akawarekodi wapiga tarumbeta tisa wa kanisani, noti moja moja, kisha akazipanga kwenye kinanda. Kwaya nyingi za milima hii zimeimba juu ya tarumbeta hizo.

Flopi moja ilichukua karibu dakika nzima kusomwa. Mwalimu wa kwaya akinung'unika, Bi Yudith alimwambia, "Kaa kitako, mwanangu. Bado inasoma." Na aliyeingia bila shikamoo alirudishwa mlangoni, hata kama kwaya nzima inamsubiri. Mimi nilirudishwa mara mbili.

Unyevu wa huku huotesha ukungu kwenye flopi. Kwa hiyo alizitunza kwenye madebe yenye mchele mkavu, na kila Ijumaa alizikagua moja moja. Mara tatu aliandika barua kuomba kifaa cha kuzihamishia kwenye kompyuta. Mara tatu uongozi ulimjibu avute subira.

Mwezi uliopita Meneja akaamua kupendezesha ofisi kwa ajili ya sherehe hii. Akazitoa flopi zote kwenye madebe, akazipanga juu ya spika kubwa ya zamani iliyofunguliwa mgongo, zikakaa hapo siku tatu. Spika ina sumaku, na sumaku hufuta flopi. Hata mlinzi wetu anajua! Tarumbeta zote za Mlalo zimefutika. Meneja akasema, "Si vitu vya zamani tu?" Bi Yudith alikwenda kuosha vikombe vya chai, akaviosha mara mbili. Aliyepiga kelele ni mimi, na sijutii.

Bi Yudith, asante kwa kutufundisha kusikiliza. Tunakuombea afya na siku njema, na cheti utakachopewa leo kipokee kwa mkono mmoja ukitaka. Wale wapiga tarumbeta tisa wamebaki wawili, na mmoja kifua kinamsumbua. Kesho, siku yako ya kwanza ya kustaafu, uliomba gari la ofisi likupeleke kwao ukawarekodi upya. Meneja amekataa. Tutapanda basi dogo la asubuhi. Kinanda nitakipakata mimi.