Viti Viwili vya Mbele: Wasifu wa Marehemu Mkaguzi wa Mizani

Marehemu alikuwa na kanuni moja ambayo hakuivunja tangu mwaka 2001 hadi siku alipolazwa: maili za ndege hazitumiwi kidogo kidogo. Zinatunzwa mpaka zitoshe viti viwili vya mbele, kwenda na kurudi, kimoja chake na kimoja cha mkewe. Aliyemwomba azitumie kwa safari ndogo alijibiwa neno moja tu, "Bado." Familia imekubaliana kwamba wasifu huu usomwe bila kupakwa rangi. Marehemu aliishi kwa kukagua mizani, na mizani iliyowekewa kidole hakuipenda. Tusimwekee kidole leo.

Alizaliwa tarehe 9 Aprili 1957, mtoto wa tatu kati ya sita, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya ghala la nafaka ambako baba yake alikuwa mpimaji. Mama yake alisema mtoto huyu alijifunza kusoma namba kwenye mawe ya mizani kabla ya kujua herufi. Akiwa na miaka sita alimwambia mnunuzi mmoja mbele ya watu, "Baba mdogo, toa mguu wako kwenye gunia." Mnunuzi aliutoa mguu, na mtoto akachapwa kwa kukosa adabu, kisha akanunuliwa daftari kwa kusema kweli. Daftari hilo lipo mpaka leo.

Alisoma shule ya msingi kuanzia 1964 hadi 1970 na sekondari kuanzia 1971 hadi 1974. Mwaka 1977 alihitimu stashahada ya ufundi wa vipimo. Hakuwa wa kwanza darasani, na hilo alilisema mwenyewe bila kuulizwa. Alikuwa wa nne.

Alianza kazi Januari 1978 katika idara ya vipimo, akizunguka masokoni na sanduku la chuma lenye mawe ya kupimia yaliyotiwa lakiri. Kwa miaka kumi na minane hakuna mfanyabiashara aliyeweza kusema amempa hata soda. Mwaka 1996 aliajiriwa na kampuni inayorekebisha mizani mikubwa ya viwandani na bandarini, na hapo ndipo alipoanza kusafiri kwa ndege, nchi moja hadi nyingine, wiki mbili nje na wiki moja nyumbani.

Mwaka 2001 mwenzake wa kazini alimwonyesha fomu ya kujiunga na mpango wa wasafiri wa kila mara. Shirika la ndege humwandikia msafiri maili kwa kila safari, na maili zikitosha hubadilishwa kuwa tiketi ya bure. Marehemu aliisoma ile fomu kama anavyosoma cheti cha mizani, mstari kwa mstari, kalamu ya risasi mkononi, kisha akajaza.

Tangu siku hiyo hakupanda tena ndege ya moja kwa moja palipokuwa na ya kuunganisha. Vituo viwili vilimpa maili zaidi ya kituo kimoja, na vitatu zaidi ya viwili. Tiketi hizo mara nyingi zilikuwa na bei ndogo zaidi, kwa hiyo mwajiri hakudhulumiwa, na jambo hilo lazima lisemwe. Aliyelipa tofauti alikuwa nyumbani. Safari ya saa nne ilikwisha kwa saa kumi na tisa, na baba wa watoto wawili alikula chakula chake kwenye viti vya plastiki vya viwanja ambavyo hakuwa na shughuli navyo. Wenzake wakambandika jina, Bwana Kuunganisha. Alilipokea bila kukasirika.

Alitia mafuta kwenye kituo kimoja tu cha petroli, kwa sababu kilitoa maili. Kuna mwezi duka fulani lilitoa maili maradufu kwa shampuu, naye akaja nyumbani na chupa thelathini. Mkewe alizitazama chupa, akamtazama mumewe, ambaye upara wake ulikuwa umefika shingoni.

"Hizi za kuoshea nini, mzee? Gari?"

"Ni maili elfu tatu hizo, mke wangu."

"Basi zipake hizo maili kichwani tuone kama zitaota."

Nyumba nzima ilicheka, na yeye alicheka kuliko wote. Shampuu iliisha baada ya miaka mitano.

Marehemu alifunga ndoa Jumamosi tarehe 14 Agosti 1982 na mkewe, fundi cherehani, ambaye yupo nasi hapa mstari wa mbele. Siku ya pili ya ndoa walisafiri kwa basi kwenda kuwasalimu wazee wa upande wa mke. Viti vilivyobaki vilikuwa vya nyuma kabisa, juu ya injini. Bibi harusi alikaa kwa muda wa saa kumi na moja magoti yakigusa kidevu, mizigo ya watu mapajani, na alipofika hakuweza kunyoosha miguu. Marehemu aliona aibu ambayo haikumtoka tena. Alimwambia, "Safari kubwa ya kwanza nitakayokupeleka, utakaa mbele." Huo ndio mzizi wa kanuni tuliyoitaja. Ulikuwa mzizi mwema, na wanaomcheka marehemu wanapaswa kuujua kwanza.

Mungu aliwajalia watoto wawili: binti, ambaye ni muuguzi, na mwana, fundi wa majokofu. Binti alikwenda kufanya kazi ng'ambo mwaka 2010, akaolewa huko, na mwaka 2015 akajifungua mtoto wa kike, mjukuu wa pekee. Karatasi za ukaazi za binti zilichukua muda mrefu. Akitoka asingeruhusiwa kurudi. Kwa hiyo wa kwenda alikuwa mama.

Wakati ule maili zilikuwa zinatosha viti viwili vya kawaida, na chenji ingebaki. Mkewe alimwomba, na maneno yao yalisikika mpaka chumba cha cherehani walikokuwa wateja.

"Nataka kumwogesha mtoto wa binti yangu kabla hajaanza kuogea mwenyewe."

"Utakwenda. Mbele. Bado kidogo."

"Mimi nataka kufika, baba. Sikuomba kukaa mbele. Kwani wa nyuma hawafiki?"

Binti naye alijitolea kumnunulia mama yake tiketi. Marehemu alimwambia kwenye simu kwamba mke wake hatanunuliwa tiketi na mtoto, na yeye yuko hai na ana akaunti. Mwaka 2016 shirika la ndege likapandisha idadi ya maili zinazotakiwa kwa viti vya mbele. Alifuta namba aliyoiandika ukutani chumbani, akaandika mpya. Mwaka 2020 likapandisha tena, akafuta tena. Rangi ya ukuta ule imetoboka hapo mahali.

Alistaafu mwaka 2017, na safari za ofisi zikakoma. Hapo kadi ya uanachama ikawa taabu. Mwanachama mwenye kadi ya dhahabu, maili zake hazikuisha muda; mwenye kadi ya kawaida, zilifutwa baada ya miaka mitatu. Na kadi ya dhahabu ilidai idadi ya safari kila mwaka. Basi kila Desemba mstaafu huyu alichukua pensheni yake, akatafuta tiketi rahisi zenye vituo vingi, akapanda, akashuka, akageuka na kurudi bila kutoka uwanjani. Alikwenda miji ambayo hakuiona. Nyumbani walikula mlo wa mwisho wa mwaka kiti chake kikiwa kitupu.

Jumamosi tarehe 29 Desemba 2018, tiketi rahisi kuliko zote ilikuwa ya kwenda mji anaoishi binti yake. Angekuwa pale kwa muda wa saa nne, kisha arudi na ndege ileile. Viza hakuwa nayo, kwa kuwa viza huchukua wiki sita na yeye alinunua tiketi siku tatu kabla. Alimpigia binti simu kumwambia atapita. Binti alipanda treni akiwa na mtoto wa miaka mitatu na kitenge alichomnunulia mama yake, akasimama kwenye mlango wa wanaofika. Ameturuhusu kueleza yaliyosemwa.

"Baba, niko hapa chini. Wewe uko wapi?"

"Niko juu, upande wa wanaounganisha. Siwezi kutoka, mwanangu."

"Waombe hata dakika tano."

"Nimewaomba. Wameniuliza kama mimi ni mtoto mdogo."

Mjukuu alidai simu. Alimwambia, "Babu, gonga ukuta nisikie." Marehemu alitafuta ukuta unaoelekea chini, akagonga. Mtoto aliweka sikio kwenye ukuta wa chini. "Sisikii," akasema. Babu akagonga kwa ngumi, akagonga kwa kiatu, mpaka askari akaja kumuuliza mzee ana shida gani. Mtoto akamrudishia mama yake simu. "Babu hayupo humu," akasema.

Aliporudi nyumbani mkewe alimuuliza, "Umemwona?"

"Nimemsikia."

Mkewe hakumsemesha mpaka mwaka mpya ulipoingia. Kitenge kilirudi kwenye kabati la binti.

Itasemwa kwamba alifanya yote kwa upendo. Ni kweli. Lakini mkewe hakuahidiwa kungoja, aliahidiwa safari. Mtu anayeiahirisha ahadi kila mwaka ili aitimize kwa ubora zaidi, mwisho wa hesabu hajaitimiza, na aliyeahidiwa amezeeka. Binti alipopata karatasi zake mwaka 2021, akataka kuja na mtoto, baba alimwambia, "Usipoteze pesa. Tunakuja sisi, tumebakiza kidogo." Binti alimtii. Walionana kwenye simu kila Jumapili, mtoto akikua ndani ya kioo kidogo.

Tarehe 19 Januari 2024 maili zilitimia. Marehemu alizungushia namba ya ukutani duara, akatoka sebuleni, akasema, "Mke wangu, funga mzigo." Mkewe alikaa kwenye cherehani yake siku mbili akashona gauni la safari, la rangi ya bluu iliyoiva, lenye mifuko miwili mikubwa ya kuwekea pasipoti na dawa za presha. Alishona akiimba. Majirani ni mashahidi.

Mwezi Februari, wakati wakisubiri miadi ya viza, miguu ya marehemu ilianza kuvimba na pumzi kukatika akipanda ngazi tatu. Tarehe 22 Februari daktari alimweleza kwamba moyo wake umechoka, hausukumi damu inavyotakiwa, na kwamba kupanda ndege asahau. Marehemu alimwambia mkewe aende peke yake. Mkewe alimuuliza nani atamgeuza kitandani, nani atampimia maji ya kunywa. Hakwenda. Kuanzia Juni marehemu alilazwa mara tatu.

Binti hakuomba ruhusa tena. Jumapili tarehe 25 Agosti aliingia wodini na begi lake, moja kwa moja kutoka uwanjani. Baba alimshika mkono, na baada ya salamu akauliza swali ambalo waliokuwepo hawatalisahau.

"Ulikaa kiti gani?"

"Cha nyuma kabisa, baba. Karibu na choo."

Alifumba macho. Muuguzi aliyekuwa akibadilisha dripu alidhani amelala.

"Na umefika," akasema.

"Nimefika, baba."

Siku mbili baadaye alitaka simu yake. Alitaka zikatwe tiketi mbili za mbele, za mkewe na binti, kwa tarehe yoyote ya mbeleni, maili zisipotee. Mkewe aliichukua simu akaiweka mfukoni mwa gauni.

"Tarehe gani? Unataka nikae hapa kitandani kwako nichague siku ambayo wewe hutakuwepo?"

"Nisamehe, mama watoto."

"Nimeshakusamehe zamani. Kunywa maji."

Hakuzitaja tena maili. Siku zilizobaki alizungumza na binti yake kuhusu baba yake mpimaji, ghala la nafaka, na lile daftari. Alifariki Jumanne tarehe 3 Septemba 2024, saa moja asubuhi, mkewe na binti yake wakiwa pembeni. Alikuwa na umri wa miaka sitini na saba.

Siku iliyofuata mwanawe alilipigia simu shirika la ndege. Aliyepokea alimpa pole kwa upole, kisha akamweleza kwamba akaunti hufungwa mwenyewe anapofariki na maili hazirithiwi. Mwana alikitafuta kijitabu cha kanuni kwenye droo ya baba yake. Kanuni hiyo ilikuwa imepigiwa mstari kwa kalamu ya risasi.

Marehemu ameacha mjane, binti na mkwe, mwana, mjukuu mmoja, kaka wawili na dada wawili. Ameacha pia sanduku la mawe ya mizani ambayo hayajapungua hata gramu moja, na jina ambalo hakuna sokoni anayeweza kulichafua. Mungu amtue mzigo, ampe amani na mapumziko ambayo alijinyima mwenyewe.

Mjane amevaa leo gauni lile la bluu. Hajapanda ndege. Mjukuu, mwenye miaka tisa, aliwasili na baba yake jana, na saa tisa alasiri alimwona babu yake ana kwa ana kwa mara ya kwanza, ndani ya sanduku.